Kuasili mtoto kwa makubaliano ya pembeni ni nini?

Jirani anakunong'oneza: "Kuna msichana hapa mtaa wa Pipeline ana mimba, hawezi kulea. Si ulisema dadako anatafuta mtoto?" Huko ndiko makubaliano ya pembeni yanakoanzia. Mzazi na wanaotaka mtoto wanapatana wenyewe, au kupitia dalali, bila shirika la uasili, bila afisa wa watoto wala mahakama.

Shangazi akibaki na watoto wa marehemu kaka yake, hayo ni malezi ya jamaa, na Sheria ya Watoto ya Kenya ya 2022 inayatambua. Inaitambua pia kafala ya Waislamu, ambapo mtoto analelewa bila kufutiwa nasaba yake. Kuasili ni jambo zito kuliko hayo: haki za mzazi wa kwanza zinakwisha, zinahamia kwa mwingine.

Kwa sababu hiyo sheria hairuhusu mipango ya kuasili ianze kabla mtoto hajatimiza wiki 6. Aliyejifungua jana, ana uchungu na hana pa kwenda, atakubali lolote. Sasa tazama ya pembeni. Mama anayetaka mtoto anamlipia msichana kodi ya chumba miezi minne, unga, kliniki, nauli. Huenda anatoa kwa moyo safi, na wala hakuna anayetaja kununua. Lakini mtoto akizaliwa, akanyonya, msichana akabadili nia, atamwambiaje aliyemlisha kwamba hatoi? Deni limeshamziba mdomo. Hiyo siiiti ridhaa.

Kisha huandikwa karatasi: ukurasa wa daftari, sahihi mbili, alama ya dole gumba, pengine na muhuri wa wakili. Hata ukiwa na mihuri kumi, si uasili, kwa kuwa ni mahakama tu inayotoa amri hiyo.

Wengine humlaza mjamzito hospitalini kwa kitambulisho cha mwanamke mwingine ili cheti cha kuzaliwa kitoke kwa jina la huyo. Ni kughushi, na anayeumia zaidi ni mtoto. Daktari akiuliza kama kuna selimundu, ugonjwa wa damu wa kurithi, katika familia, nani atamjibu?

Nao madalali wapo. Mwaka 2020 uchunguzi wa BBC Africa Eye ulionyesha watoto wachanga wakiuzwa hapa Nairobi. Sheria ya mwaka 2010 ya kupambana na usafirishaji haramu wa binadamu inaadhibu kosa hilo kwa kifungo kisichopungua miaka 30, au faini isiyopungua shilingi milioni 30, au vyote viwili.

Nawaelewa wanaochoka kungoja. Njia halali ni ndefu: unatembelewa nyumbani, unakaa na mtoto angalau miezi 3 kabla ya kuomba amri, na mahakama inateua mtu wa kutetea maslahi ya mtoto peke yake. Mtu huyo ndiye anayekosekana kabisa katika mapatano ya sebuleni.

Kama tayari unaye mtoto uliyempata hivi, muone afisa wa watoto wa kaunti ndogo yako, au upige 116, simu ya bure ya watoto. Beba ule ukurasa wa daftari. Usiuchane kwa hofu: huenda ndipo mahali pekee palipoandikwa jina la mama aliyemzaa.