Sharubati ya limau yenye gesi: yanayosemwa na yaliyo kweli

Chukua chupa mbili za maji yenye gesi, moja iliyolala kwenye friji usiku kucha na nyingine iliyokuwa kabatini. Fungua ya kabatini kwanza. Itafoka na kukulowanisha mkono, na ukiimimina kwenye glasi povu litapanda na kushuka kabla hujarudisha chupa mezani. Sasa fungua ya friji. Itatoa pumzi moja fupi, kisha viputo vidogo vidogo vitaanza kupanda taratibu, na dakika kumi baadaye utavikuta bado vinapanda. Chupa zote mbili zilitiwa gesi sawasawa. Kilichozitofautisha ni ubaridi: maji ya nyuzi 5 za Selsiasi hushika karibu maradufu ya kaboni dioksidi inayoweza kushikwa na maji ya nyuzi 25.

Nimeanza na chupa hizi kwa sababu inaniuma kuona malimau mazuri yakipotea bure. Wengi wetu tukitengeneza sharubati yenye gesi tunahangaika kuongeza gesi, wakati kazi kubwa ni kuizuia isitoroke. Karibu kila kosa nitakalolitaja linaanzia hapo.

"Tia kijiko cha baking soda kwenye juisi ya limau, gesi itakuja yenyewe"

Dhana hii imeenea sana, na ndiyo inayoharibu zaidi, kwa hiyo nitakaa nayo.

Ni kweli kwamba baking soda ikikutana na limau hutoa kaboni dioksidi, gesi ileile iliyomo kwenye soda ya chupa. Tatizo ni kwamba inatoka kwa kishindo na kupaa hewani. Lile povu linalofurika mdomoni mwa glasi ni gesi inayoondoka, na ukilishangilia unashangilia hasara. Gesi huingia kwenye maji na kutulia humo ikisukumwa kwa mgandamizo ndani ya chombo kilichofungwa, tena maji yakiwa baridi. Glasi iliyo wazi haina mgandamizo huo.

Halafu kuna ladha. Juisi ya limau ina asidi ya sitriki, takriban asilimia 5 hadi 6. Kijiko kimoja cha chai cha baking soda, yaani gramu 5 hivi, hula karibu asidi yote iliyomo kwenye mililita 80 za juisi, ambayo ni kama malimau mawili. Ule ukali uliokufanya ukate limau unakwisha, na mahali pake inabaki chumvi ya sitrati yenye ladha ya chumvichumvi na usabuni kidogo. Watu huongeza sukari kuificha, kisha limau kurudisha ukali, kisha baking soda tena kwa sababu gesi imekwisha. Mwisho wake ni jagi la kitu ambacho hakuna anayemaliza glasi yake.

Na hata kama ungefanikiwa kunasa kila tone la gesi hiyo, gramu 5 za baking soda hazitoi zaidi ya gramu 2.6 za kaboni dioksidi. Lita moja ya soda ya kawaida ina gramu 6 hadi 8.

Mwenye presha aliangalie hili kwa makini. Kijiko hichohicho kina karibu gramu 1.4 za sodiamu, ilhali Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asifikishe gramu 2 kwa siku nzima. Wala usijaribu kuchanganya limau na baking soda ndani ya chupa kisha ukaziba ili kunasa gesi. Mgandamizo hupanda kwa sekunde chache na chupa inaweza kukupasukia mkononi.

"Maji yenye gesi ni kemikali za kiwandani"

Ni maji na kaboni dioksidi, gesi unayoitoa puani sasa hivi. Mwaka 1767 Joseph Priestley alikuwa akiishi jirani na kiwanda cha bia mjini Leeds, Uingereza. Aligundua kwamba maji yakiwekwa juu ya mapipa ya bia inayochacha hunyonya ile gesi na kuwa na ladha ya kuchangamsha, na mwaka 1772 alichapisha maelezo ya namna ya kuyatengeneza. Tangu hapo tumebadilisha mashine tu. Soma lebo hata hivyo: kuna maji yenye gesi yanayoongezwa chumvi za madini, na kuna toniki, yenye uchungu wa kwinini na mara nyingi sukari nyingi. Toniki si maji ya soda, na ukiitumia kwa limau utajiuliza uchungu umetoka wapi.

"Tengeneza juisi kama kawaida, halafu ujazie maji yenye gesi"

Hapa kuna hesabu rahisi inayosahaulika. Juisi yako ya kawaida ina maji mengi yasiyo na gesi. Ukichanganya nusu kwa nusu, umeshapunguza gesi kwa nusu kabla ya kunywa funda la kwanza. Dawa yake ni kuifanya sehemu isiyo na gesi iwe ndogo na kali: juisi tupu ya limau na shira nzito, bila maji mengine yoyote. Mimi hutumia sehemu moja ya juisi, sehemu moja ya shira na sehemu tano za maji yenye gesi, vyote vikiwa vimetoka friji. Ukipenda ukali zaidi, punguza shira, usiongeze maji.

Na ni shira kweli, si sukari ya punje. Dondosha kijiko cha sukari kwenye glasi ya maji yenye gesi uone: kinywaji kitachemka kama kilichowekwa motoni. Kila punje ina kingo na vitundu ambamo viputo hupata pa kuanzia, basi gesi yote inakimbilia huko na kupanda juu. Sukari yenyewe inazama chini bila kuyeyuka vizuri kwa sababu ya baridi. Shira ya uzito sawa wa sukari na maji, ikichemshwa kidogo tu hadi iwe angavu kisha ikapoa, inakaa friji hata wiki mbili ikiwa chupa ni safi.

Nyuzinyuzi za limau nazo hufanya kama punje za sukari, kwa hiyo chuja juisi.

"Harufu ya limau iko kwenye juisi"

Kwenye juisi kuna ukali. Harufu imejificha kwenye ganda. Menya kipande chembamba cha ganda, upande wa rangi tu, ukishike juu ya glasi dhidi ya mwanga wa dirisha, kisha ukikunje kwa vidole. Utaona mvuke mwembamba wa matone ukiruka kutoka kwenye ganda na kutua juu ya kinywaji. Hayo ni mafuta ya limau, na sehemu kubwa yake huitwa limonini. Ndiyo yanayokufanya useme "hili ni limau" kabla ulimi haujagusa kitu.

Kwa sharubati ya kutosha watu kadhaa, menya maganda ya malimau manne, yafikiche na sukari unayotaka kuifanya shira, uyafunike na kuyaacha saa mbili au tatu. Sukari itaanza kulowa na kung'aa, kwa sababu imeyavuta mafuta. Ndipo utie maji moto, ukoroge na kuchuja. Ukishaionja shira hiyo, ile ya sukari peke yake utaiona ya kinyonge.

Tahadhari ni ile nyama nyeupe iliyo chini ya ganda, na mbegu. Hizo ndizo zenye uchungu. Wanaosaga limau zima kwenye blenda ili wasipoteze kitu wanajikuta na kinywaji kinachokaza ulimi, na uchungu huo huongezeka kadiri juisi inavyokaa. Kwa sababu hiyohiyo, vipande vya limau vinavyopamba jagi vitiwe wakati wa kunywa, visilale humo usiku kucha.

Kuhusu kuchagua: limau kubwa lenye ganda nene lenye vinundu huwa na ganda jingi kuliko juisi. Tafuta lenye ngozi laini, zito mkononi kuliko ulivyotarajia, ulibiringishe mezani kwa kiganja kabla ya kulikata.

"Mashine ya gesi inaweza kutia gesi kwenye juisi moja kwa moja"

Mashine nyingi za nyumbani zimeundwa kwa maji matupu. Juisi na sukari hushikilia povu, na likipanda huingia kwenye mifereji ya mashine au kumwagika lote mezani. Tia gesi maji baridi, kisha changanya.

"Ukitumia hamira ni ya asili, kwa hiyo haina kileo"

Njia ya hamira ni nzuri na ninaipenda. Lita moja ya maji yenye limau na shira, hamira kavu chembe kidogo tu za kubana kwa vidole viwili, chupa imefungwa, siku moja au mbili nje ya friji, na unapata viputo vyororo kuliko vya mashine. Lakini tuseme ukweli kwa anayejiepusha na kileo, na kwa mama anayemmiminia mtoto: hamira haijui kutengeneza gesi peke yake. Kila gramu ya sukari inayoliwa huzaa karibu nusu gramu ya kaboni dioksidi na nusu gramu ya alkoholi. Ili kinywaji kifikie gesi ya kuridhisha, kileo chake hukaribia asilimia 1. Ni kidogo, ila kipo, na ukichelewa kuiweka friji kinaongezeka. Usimpe mtu bila kumwambia.

Jambo la pili ni usalama, na hapa naomba nisikilizwe. Hamira haiachi kufanya kazi kwa sababu wewe umeridhika na gesi. Lita ya sharubati yenye gramu 100 za sukari ina uwezo wa kutoa zaidi ya lita 20 za gesi kama hamira itaila yote. Chupa ya kioo iliyosahauliwa juu ya kabati hugeuka bomu la vigae. Tumia chupa ya plastiki iliyowahi kuwa na soda, acha nafasi ya vidole vitatu juu, na uibonyeze asubuhi na jioni. Ikishakuwa ngumu isiyobonyea, iingize friji siku hiyohiyo na uinywe ndani ya siku chache. Baridi hupunguza tu kasi ya hamira, haiui.

"Bonyeza chupa hewa itoke, gesi haitapotea"

Chupa uliyoibonyeza itajivuta kurudi umbo lake, na kinachokuja kujaza nafasi hiyo ni gesi kutoka kwenye kinywaji chako. Ukibakiwa na nusu, hamishia taratibu kwenye chupa ndogo inayojaa hadi shingoni, ifunge vizuri na uirudishe kwenye baridi. Kijiko kinachoning'inizwa mdomoni mwa chupa hakisaidii lolote.

"Gesi inakula mifupa na meno"

Mifupa iache. Utafiti wa Framingham wa Marekani uliochapishwa mwaka 2006 ulikuta wanawake wanaokunywa kola mara kwa mara wana mifupa hafifu zaidi kwenye nyonga, lakini vinywaji vingine vyenye gesi havikuonyesha uhusiano huo.

Meno ni habari nyingine, ila mshitakiwa ni limau. Asidi ya gesi ni dhaifu, ya limau ni kali, na sukari huja kumalizia kazi. Kunywa pamoja na chakula badala ya kudonoa glasi moja mchana kutwa, sukutua kwa maji ukimaliza, na usipige mswaki papo hapo. Ngoja kama nusu saa, ngozi ya jino irudie ugumu wake.

Asali nayo haiokoi meno wala kiuno. Karibu asilimia 80 yake ni sukari, na mtoto wa chini ya mwaka mmoja hapewi kabisa.

"Limau na ndimu, juisi ikimwagika ngozini haina neno"

Ina neno ukiwa juani. Ndimu hasa, na limau pia, zina viini ambavyo vikiwa ngozini na mwanga mkali wa jua vikavipiga, huunguza. Siku moja au mbili baadaye ngozi huwa nyekundu, hutoa malengelenge, kisha hubaki na madoa meusi kwa wiki kadhaa. Kama unakamulia nje kivulini na watoto wanakusaidia, waoshe mikono kwa sabuni kabla hawajakimbilia kucheza.

Ukirudi mezani, tia barafu kwenye glasi, kisha juisi, kisha shira, na ukoroge vizuri hapo, wakati hakuna gesi ya kupoteza. Inamisha glasi, mimina maji yenye gesi yakitiririka ubavuni, ingiza kijiko hadi chini na ukiinue mara moja tu. Kunja kipande cha ganda juu yake, na mpe wa kwanza aliyekuwa anakamua.