Thumni ya Nini?

Nimeisikia tena wiki iliyopita, hapa hapa Unguja. Tumekaa barazani, hitma imesomwa jana yake, mjane yuko ndani amekaa kizuka, na shemeji yake anamwambia kijana wa marehemu: "Mama yako ana thumni yake ya urithi, sehemu moja ya nane. Ndiyo sheria ya Mungu, hakuna la kujadili." Kisha akanigeukia mimi niliyeitwa kupiga hesabu: "Au siyo, wakili?"

Siyo. Na nimechoka kuisikia.

Sina ugomvi na mafungu. Marehemu akiacha mtoto, mke ana thumni. Asipoacha, ana robo. Wake wakiwa wawili au wanne wanagawana fungu hilo hilo. Mama wa marehemu ana sudusi yake, sehemu moja ya sita, watoto wanachukua kinachobaki. Hesabu hizo sheikh yeyote wa mtaani anakupigia kabla chai haijapoa. Swali langu ni moja: thumni ya nini?

Fungueni Suratun Nisaa, aya ya 11 na ya 12. Katika aya hizo mbili maneno "baada ya wasia au deni" yanakuja mara nne. Mara nne! Nasi tunaanza kugawa kana kwamba hayapo. Kabla ya mrithi yeyote kugusa kitu yanatoka mazishi, yanatoka madeni, unatoka wasia usiozidi thuluthi. Na katika madeni, la kwanza kusahauliwa ni mahari. Ndoa ngapi zimefungwa kwa mahari ya kuahidi, imeandikwa kwenye cheti, miaka 30 imepita na hakuna aliyelipa? Hilo ni deni kama deni la dukani. Mke anasimama mbele ya warithi akiwa mdai, na urithi wake unafuata nyuma.

Lakini hata mahari si penye uzito. Uzito uko kwenye nyumba. Kinachorithiwa ni mali ya marehemu. Kilichokuwa cha mke hakigeuki kuwa cha marehemu kwa sababu jina la mume ndilo lililoandikwa kwenye karatasi ya kiwanja. Sura hiyo hiyo, aya ya 32, inasema wanaume wana sehemu katika walichokichuma, na wanawake wana sehemu katika walichokichuma.

Tuchukue nyumba ya shilingi milioni 80, marehemu ana watoto, na hakuna mali nyingine. Kwa hesabu ya shemeji, mjane anapata milioni 10. Sasa tuseme imethibiti kwamba nusu ya nyumba imesimama kwa pesa za mke, na mahari ya milioni 2 haijalipwa. Milioni 40 zinatoka kwanza, ni zake. Zinatoka 2 za deni. Zinabaki 38, na hapo ndipo thumni inapoingia: milioni 4 na laki saba na nusu. Jumla mjane anaondoka na milioni 46 na laki saba na nusu. Sijabadilisha fungu hata moja la Qurani. Nimeanza tu pale Qurani ilipoanza.

Hapo huambiwa naleta mambo ya Kizungu. Indonesia, yenye Waislamu wengi kuliko karibu nchi zote duniani, tangu 1991 ina kanuni zake za sheria ya Kiislamu zinazosema mmoja wa wanandoa akifa, nusu ya mali waliyochuma pamoja ni ya aliyebaki, ndipo mirathi ifuate. Karne ya 16, huko milima ya kaskazini mwa Morocco, mwanachuoni Ibn Ardun alitoa fatwa kwamba mke anayefanya kazi shambani ana fungu lake katika mavuno. Wazungu gani hao? Na hapa Zanzibar, Sheria ya Mahakama ya Kadhi ya 2017 inamtambulia mwanandoa mchango wake halisi wakati mali inapogawanywa.

"Halisi." Neno hilo ndilo linaloninyima usingizi. Aliyelipia bati anaeleweka. Aliyepika, akafua, akalea watoto sita ili mwenzake afanye kazi mbili, je? Kule Bara, Mahakama ya Rufani ilikubali mwaka 1983, katika shauri la talaka la Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, kwamba kazi za nyumbani ni mchango. Mbele ya kadhi sina uhakika huo, na sitamdanganya mteja kwamba ninao.

Kuna lingine, gumu zaidi kwangu. Mke alipompa mumewe pesa za saruji, alitoa kama hiba, kama mkopo, au kama mshirika? Jibu hubadilisha kila kitu, na linategemea nia. Niliingia ndani kwa yule mjane kumuuliza. Akanitolea kopo la maziwa ya unga lililojaa risiti za saruji na bati, wino umefifia, zote zimeandikwa jina la mumewe, maana yeye ndiye aliyekwenda dukani; pesa zilitoka kwenye cherehani iliyoko pembeni mwa kitanda. Nikamuuliza nia yake siku zile. Akanitazama muda mrefu.

"Mwanangu, mie nilikuwa najenga na mume wangu. Sikuwa namkopesha, wala simpi zawadi."

Kwangu mimi huo ni ushirika. Kadhi atataka shahidi, na nikimwapisha bibi huyu nitakuwa namtaka aipe jina la kisheria nia ambayo hakuwahi kuhitaji kuipa jina. Silipendi jambo hilo, na sijapata njia ya kuliepuka.

Fundi aliyeezeka nyumba bado yuko hai, anaishi Bububu. Mjane anasema ujira wake alimhesabia yeye mwenyewe mkononi, uani, mumewe akiwa kazini. Jumamosi nakwenda kumwona.