Mwandishi-mwigizaji wa vichekesho ni mtu wa aina gani?

Kwenye vichekesho vya Uingereza kuna watu wanaotunga maneno kisha wakapanda jukwaani kuyasema wenyewe. Hao ndio waandishi-waigizaji. Wengi waliiva kwenye vikundi vya vyuo vikuu, hasa Footlights cha Cambridge, kilichoanzishwa mwaka 1883. Ila ukitaka kuielewa kazi hii vizuri, mtazame Victoria Wood, ambaye hakupitia huko.

Alizaliwa mwaka 1953 huko Prestwich, karibu na Manchester, akasomea sanaa za maonyesho Chuo Kikuu cha Birmingham. Mwaka 1974 alitokea kwenye New Faces, shindano la vipaji la televisheni, akipiga piano na kuimba nyimbo za kuchekesha alizotunga mwenyewe. Hata hivyo kazi zilimjia kwa kusuasua hadi mwaka 1978, alipoandika tamthilia ya Talent kwa ajili ya ukumbi wa Crucible, Sheffield. Ilipofika kwenye televisheni mwaka uliofuata, aliigiza pamoja na Julie Walters, rafiki ambaye angemwandikia kwa miaka mingi.

Watu hudhani mwandishi-mwigizaji hujiandikia sehemu tamu zaidi. Wood alifanya kinyume chake. Katika Acorn Antiques, kejeli yake ya tamthilia za televisheni za bei rahisi, Walters ndiye aliyepewa Bi. Overall, mhudumu mzee anayeingia na trei ya kahawa. Makosa yote yaliandikwa makusudi: mtu anaingia kabla ya zamu yake, simu inalia kwa kuchelewa. Wood mwenyewe alicheza sehemu nyingine, ya Berta.

Halafu ikaja dinnerladies (1998 hadi 2000), hadithi ya wanawake wa kantini ya kiwandani Manchester. Vipindi vyote 16 aliviandika peke yake, na humo akawa Bren, mpole anayewasikiliza wenzake huku mikate ikichomwa na chai ikimiminwa. Kila kipindi kilirekodiwa mara mbili mbele ya watazamaji, Ijumaa na Jumamosi. Katikati ya siku hizo Wood aliurudia mswada. Alikuwa amesimama pale pale kicheko kilipotokea au kilipokosekana, kwa hiyo hakusubiri kuambiwa. Mstari uliolegea aliukaza au kuufuta, hata kama waigizaji walishaukariri. Hiyo ndiyo faida kubwa ya kushika kalamu na jukwaa kwa pamoja, na ndiyo inayochosha mwili.

Baadaye aliandika filamu ya televisheni, Housewife, 49 (2006), kutokana na shajara za Nella Last, mama wa nyumbani wa Barrow-in-Furness wakati wa Vita vya Pili vya Dunia. Sehemu kuu aliishika yeye mwenyewe. Mwaka 2007 ilipata tuzo mbili za BAFTA, tuzo za filamu na televisheni za Uingereza: moja ya tamthilia bora, nyingine ya mwigizaji bora wa kike, ambayo ilikwenda kwake.