Rimu Nyingine kwa SUV Yako: Vipimo vya Kuuliza Kabla ya Kutoa Fedha

Wateja wengi wanaoniletea magari ya SUV ili niwafungie rimu nyingine huwa wamekwisha kuzinunua, na dukani huwa wameulizwa swali moja tu: gari lako ni la matundu matano au sita? Swali hilo ni la lazima, lakini jibu lake peke yake halitoshi kumfanya mtu atoe fedha. Rimu inaweza kupokea stadi zote sita (vyuma vyenye uzi vinavyoshika nati), nati zote zikakazwa, ikazunguka bila kugusa kitu wakati gari limeinuliwa kwa jeki, na bado isiwe rimu ya gari hilo. Yanayoamua kama rimu inalifaa gari yamechongwa na kuandikwa upande wake wa nyuma, yaani upande ambao muuzaji huulaza chini ili mnunuzi auone uso uliong'arishwa. Nitaeleza vipimo hivyo kwa kutumia magari mawili yanayofika sana gerejini kwetu hapa Dar es Salaam, Toyota Land Cruiser Prado ya toleo la 150 (lililoanza mwaka 2009) na Toyota RAV4, kwa sababu mwenye kuyaelewa haya mawili ataweza kulipima SUV lolote lingine.

Tuanze na stadi zenyewe. Pamoja na idadi yake, tunahitaji kipenyo cha duara linalopita katikati ya stadi zote, kipimo ambacho mafundi hukiita PCD. Prado ina stadi 6 kwenye duara la milimita 139.7, na RAV4 ina stadi 5 kwenye duara la milimita 114.3. Kupima rimu ya matundu sita ni rahisi, kwa kuwa kila tundu lina mwenzake wa kulitazama upande wa pili. Unapima kutoka katikati ya moja hadi katikati ya jingine. Rimu ya matundu matano haina matundu yanayotazamana, kwa hiyo pima kutoka katikati ya tundu moja hadi katikati ya tundu la jirani yake, kisha uzidishe kwa 1.7. Ukipata milimita 67.2 kati ya majirani, hiyo ni 114.3. Ukipata 58.8, hiyo ni 100, kipimo cha Subaru Forester za matoleo yaliyotangulia lile la mwaka 2018. Ukipata 65.8, umeshika rimu ya 112, ambayo ni ya magari mengi ya Mercedes-Benz, Audi na Volkswagen.

Ninawasihi wasomaji wawe waangalifu mno na tofauti ya 112 na 114.3. Rimu ya 100 haiwezi kuingia kwenye RAV4, kwa hiyo hakuna wa kudanganyika. Lakini ya 112 inakosa milimita 1.15 tu kila upande, na fundi mwenye haraka ataivuta kwa nati hadi ikae. Nati hizo zitakuwa zimekaa upande, stadi zitakuwa zimepindishwa kidogo, na kila mzunguko wa gurudumu utaziongezea uchovu mpaka mojawapo ikatike. Rimu ya namna hiyo irudishwe dukani, hata kama bei yake ilikuwa nzuri kiasi gani.

Sasa tufike kwenye kipimo kinachosahauliwa kuliko vyote, nacho ni kipenyo cha tundu la katikati. Duara la milimita 139.7 lenye stadi sita si mali ya Prado peke yake. Hutumiwa pia na Toyota Hilux, Mitsubishi Pajero, Nissan Patrol, Ford Ranger na hata Land Cruiser 300, na ndiyo maana kwenye maduka ya Gerezani na Ilala utaambiwa kwamba rimu za magari hayo zinaingiliana. Tazama katikati. Habu ya Prado, yaani kitovu kinachozunguka ambacho rimu hukalia, inahitaji tundu la milimita 106.1. Tundu la rimu ya Land Cruiser 300 ni milimita 95.1, la Ranger ni 93.1, na la Pajero ni 67.1. Kwa hiyo rimu za magari hayo matatu hazitafika kwenye uso wa habu ya Prado, ijapokuwa matundu ya stadi yamelingana barabara, na ukienda kinyume, rimu ya Prado itaingia kwenye Pajero huku ikiacha pengo la karibu milimita 39 katika kipenyo.

Hali ni hiyo hiyo kwa magari ya stadi tano. RAV4 inahitaji tundu la milimita 60.1, Honda CR-V 64.1, Nissan X-Trail 66.1 na Mazda CX-5 67.1, na yote manne yana PCD ya 114.3. Rimu ya X-Trail itaingia kwenye RAV4 ikiwa imelegea, na rimu ya RAV4 itagoma kuingia kwenye X-Trail.

Je, kulegea huko kuna madhara gani? Hapa ni vizuri kusema ukweli wote, kwa kuwa mafundi hubishana. Uzito wa gari hubebwa hasa na msuguano kati ya uso wa rimu na uso wa habu, msuguano unaotokana na mkazo wa nati, kwa hiyo gurudumu halitachomoka siku hiyo hiyo kwa sababu tu tundu la katikati ni kubwa. Kazi ya habu ni kuiweka rimu katikati kamili wakati nati zinakazwa. Ikikosekana huduma hiyo, rimu hukaa kando kwa sehemu ya milimita, na dereva huanza kuhisi usukani ukitetemeka anapofika kilomita 90 au 100 kwa saa, hata baada ya kulipa balansi mara mbili. Mashine ya balansi haiwezi kumsaidia, kwa sababu huishika rimu katikati kwa koni yake yenyewe, na kosa hujitokeza tu rimu inaporudi kwenye gari.

Dawa yake ni pete ya kuziba pengo, yenye kipenyo cha ndani cha habu na kipenyo cha nje cha tundu la rimu. Kwa rimu ya X-Trail kwenye RAV4, utaagiza pete ya 66.1 kwa 60.1. Mimi huchagua za alumini. Zile za plastiki hufanya kazi vizuri mjini, lakini gari lililosheheni likishuka mteremko mkali wa Kitonga na breki zikapata moto kwa dakika nyingi, plastiki huanza kulainika. Kuhusu kupanua tundu dogo kwa mashine ya kerezo ili rimu ya Land Cruiser 300 iingie kwenye Prado, sikubaliani nako: unaondoa karibu milimita 5.5 za metali kila upande katika sehemu ya rimu inayobeba mzigo, wakati rimu zenye tundu sahihi zinapatikana.

Baada ya katikati huja ofseti, na hapa ndipo uzuri wa macho hugombana na uhandisi. Ofseti ni umbali, kwa milimita, kati ya uso wa rimu unaogusana na habu na mstari unaougawa upana wa rimu sawasawa. Huandikwa nyuma ya rimu kwa herufi ET na namba. Namba ikiwa kubwa, gurudumu huingia ndani ya gari. Ikiwa ndogo, gurudumu hutoka nje. Rimu ya kiwandani ya inchi 17 ya RAV4 za mwaka 2005 hadi 2012 ni 7J yenye ET45, na ya Prado 150 ni 7.5J yenye ET25. Namba inayotangulia herufi J ni upana wa rimu kwa inchi, ukipimwa mahali tairi linapokalia.

Ofseti haisomwi peke yake, husomwa pamoja na upana. Tuseme umeonyeshwa rimu ya 8J yenye ET35 kwa ajili ya RAV4 hiyo. Upana umeongezeka kwa inchi moja, yaani milimita 25.4, na nusu yake, 12.7, huenda kila upande. Ofseti imepungua kwa 10, kwa hiyo gurudumu zima limesogea nje kwa milimita 10. Ukingo wa nje basi umetoka kwa milimita 22.7, na ukingo wa ndani umesogea kuelekea shokapu kwa milimita 2.7. Hesabu hii huchukua dakika moja, na ningependa kila mnunuzi aifanye kwenye karatasi akiwa bado dukani.

Kwenye Prado mtindo uliopendwa sana ni rimu pana zinazotokeza nje ya madigadi. Rimu ya 9J yenye ET0 huutoa ukingo wa nje kwa milimita 44 ukilinganisha na ile ya kiwandani. Beringi za gurudumu zilitengenezwa zikitegemea mzigo uje karibu nazo. Ukiusogeza nje, ni sawa na mtu aliyezoea kubeba ndoo ubavuni kulazimishwa kuibeba kwa mkono ulionyooshwa. Usukani nao hubadilika. Watengenezaji hupanga mstari ambao gurudumu hugeukia ufike ardhini karibu na katikati ya tairi, na ukilitoa gurudumu nje, kila shimo na kila mfereji wa barabara ya vumbi hupata mkono mrefu wa kuupokonya usukani. Tope na mawe hurushwa ubavuni mwa gari, na gari likibeba familia na mizigo, tairi hukwangua ukingo wa madigadi linapopita kwenye tuta. Kwa maoni yangu, mwenye gari la kazi na safari asitoke nje ya ofseti ya kiwandani kwa zaidi ya milimita 10 au 15.

Spesa, yaani bamba linalowekwa kati ya rimu na habu, ni njia nyingine ya kupunguza ofseti, kwa hiyo yote niliyoyasema yanaihusu. Zaidi ya hayo, spesa ya bamba tupu hula urefu wa stadi. Nati ya M12 (ya stadi yenye unene wa milimita 12) yenye hatua ya uzi ya 1.5, yaani milimita 1.5 kutoka uzi mmoja hadi mwingine, inapaswa kuzunguka mizunguko kamili isiyopungua 8 kabla ya kukaza. Ikikaza baada ya mitano, usiliendeshe gari hilo.

Rimu ikibadilika inchi, tairi pia hubadilika, na lengo ni kipenyo cha nje kibaki karibu na kilekile. Prado yenye tairi la 265/65R17 (upana milimita 265, kimo cha ubavu asilimia 65 ya upana huo, rimu ya inchi 17) ina gurudumu lenye kipenyo cha milimita 776. Ukihamia inchi 18 kwa 265/60R18 utapata 775, na inchi 20 kwa 265/50R20 utapata 773, vyote vikiwa sawa. Lakini 275/55R20, inayouzwa kama mbadala, ni milimita 810, ongezeko la asilimia 4.4, ambalo huifanya spidomita isome kasi pungufu na huiongezea gia mzigo. Muhimu zaidi, magurudumu yote manne yalingane. Prado huendesha magurudumu yote wakati wote kupitia difu ya katikati, na RAV4 ya aina ya magurudumu manne huunganisha ekseli ya nyuma pale inapohisi tofauti ya mwendo. Matairi yasiyolingana huifanya mifumo hiyo ifanye kazi bila kupumzika hata kwenye lami iliyonyooka, ikapata moto na kuchakaa.

Uwezo wa kubeba uzito hauonekani kwa macho, na kwa hiyo ninaupa mkazo. Nyuma ya rimu nzuri utaona uzito wa juu uliochongwa kwa kilo, na kwenye rimu za Kijapani alama za JWL na VIA, ambazo ni alama za viwango na ukaguzi wa ubora wa rimu. Prado 150 ya dizeli iliyosheheni hukaribia tani 3, na ekseli ya nyuma hubeba zaidi ya nusu. Rimu mbili za kilo 690, zilizokusudiwa gari dogo, hubeba jumla ya kilo 1,380 tu, kiasi ambacho hakiifikii hata hiyo nusu. Tairi lake la kiwandani lina namba ya mzigo 112, yaani kilo 1,120. Rimu isiwe dhaifu kuliko mahitaji ya ekseli kwa sababu tu matundu yamelingana. Kama hakuna namba yoyote iliyochongwa, ninashauri rimu hiyo iachwe.

Kabla ya kuvalisha tairi, funga rimu tupu moja mbele na moja nyuma, uzizungushe kwa mkono, na utazame nafasi kati yake na kalipa ya breki. Kumbuka kwamba risasi za balansi za kubandika ndani zitakula milimita chache za nafasi hiyo.

Mwisho ni nati. Toyota hutumia M12 yenye hatua ya 1.5 kwenye Prado na RAV4, ilhali X-Trail na Forester hutumia 1.25, na kulazimisha moja kwenye nyingine huharibu uzi wa stadi. Umbo la kitako nalo hutofautiana: rimu nyingi za aloi za kiwandani za Toyota huchukua nati yenye shingo na washa bapa, rimu nyingi za madukani huchukua koni, na za Honda huchukua kitako cha mviringo. Nati ya umbo moja kwenye kitako cha umbo jingine hugusa sehemu ndogo tu, na italegea. Kaza kwa spana ya kupima mkazo, nyutoni-mita 103 kwa RAV4 na 112 kwa Prado yenye rimu za aloi, ukipishanisha nati, kisha uzikaze tena baada ya kilomita 50 hadi 100. Na kwa kuwa tairi la akiba pengine litabaki na rimu yake ya zamani, jaribu nati mpya juu yake siku hiyo hiyo ukiwa gereji. Zisipoikubali, weka seti ya nati za zamani ndani ya gari pamoja na jeki.