Je, wajua? Kimondo cha Mbozi ni kipande cha sayari ambayo hakuna aliyewahi kuiona

Ukitoka Mbeya kuelekea Tunduma, ukakaribia Mlowo na kuacha barabara kuu, utafika kijiji cha Ndolezi, wilayani Mbozi. Hapo kipo Kimondo cha Mbozi, bonge la chuma lenye urefu wa mita 3 hivi na kimo cha mita 1. Zamani lilikadiriwa kuwa na tani 25. Makadirio yanayotumika zaidi leo ni tani 16. Nguzo inayolibeba ni udongo uleule lililoulalia: mtaro ulichimbwa kulizunguka, udongo wa chini yake ukaachwa, kisha ukaimarishwa kwa zege.

Anayeuliza bonge hili lilitoka wapi hujibiwa “angani”, na mazungumzo yakaishia hapo. Ni hasara, kwa sababu jibu kamili ni kubwa zaidi. Lilitoka ndani ya sayari ndogo iliyovunjika, ambayo haina jina wala haimo katika ramani yoyote ya nyota. Sayari hiyo tunaifikia kwa fikra tu, lakini fikra zenyewe zinaongozwa na ushahidi uliomo ndani ya chuma.

Tuanze na vilivyomo. Karibu asilimia 90 ni chuma, asilimia 8.7 ni nikeli, na kilichobaki ni shaba, fosforasi na vitu vingine kidogo. Chuma na nikeli havijitengi na mawe kwa wingi namna hiyo mpaka viyeyuke. Mfumo wa jua ulipokuwa mchanga, miaka bilioni 4.56 iliyopita, vumbi lake lilikuwa na aluminiamu-26, aina ya aluminiamu yenye mnunurisho (hutoa mionzi na joto) ambayo nusu yake huisha kila baada ya miaka 700,000 hivi. Joto lake lilitosha kuyeyusha sayari ndogo kutoka ndani. Chuma kizito kikazama katikati, mawe mepesi yakabaki juu. Baadaye migongano ikaivunja sayari, na kiini chake kikatawanyika.

Ushahidi wa pili ni wa kupoa. Chuma chenye nikeli kikipoa polepole mno ndani ya blanketi la mawe, hugawanyika kuwa madini mawili, kamasaiti yenye nikeli kidogo na tainaiti yenye nikeli nyingi, yakasukana kama ukili wa mkeka. Kasi ya kupoa huko huhesabiwa kwa nyuzi joto kwa kila miaka milioni, na hakuna kiwanda kinachoweza kuuiga msuko huo. Maabara huuona hivi: kipande hukatwa, husuguliwa kwa msasa kuanzia wa punje kubwa hadi laini kabisa, kikishang'aa hupakwa asidi ya nitriki ya asilimia 2 hadi 5 iliyochanganywa na spiriti. Asidi hula kamasaiti haraka kuliko tainaiti, na mistari ikajitokeza. Asidi ikiwa kali au ikikaa mno, uso wote unakuwa mweusi. Kipande kisipooshwa na kukaushwa vizuri, kutu huanza mara moja. Na kikipita kwenye moto mkali wa mhunzi, mistari hufutika, isirudi tena.

Wataalamu hupima pia chembechembe za elementi adimu kama galiamu, gerimani na iridiamu ili kujua ni vimondo gani vya chuma vilitoka katika sayari ndogo moja. Kimondo cha Mbozi hakikuingia katika kundi lolote linalotambuliwa. Kwa maoni yetu hilo ndilo jambo la ajabu kuliko ukubwa wake: tani hizo zote, na ndugu zake hawajulikani.

Mbona hakuna shimo kubwa? Kimondo huingia angani kwa kasi isiyopungua kilomita 11 kwa sekunde, lakini hewa hukikaba, hasa kikija kwa mlalo. Hata kile cha Hoba nchini Namibia, chenye tani 60 hivi, hakina shimo. Hapa Nyanda za Juu Kusini ongeza mvua na mmomonyoko wa maelfu ya miaka. Hata kama lilikuwepo shimo, lingekuwa limefukiwa. Wenyeji hawana simulizi la kukiona kikianguka, jambo linaloonyesha kwamba kilianguka zamani sana.

Hata hivyo walikijua, wakakizungushia miiko, na ndiyo maana wageni walichelewa kuambiwa. Mpima ardhi W. H. Nott alikitangaza mwaka 1930. Desemba mwaka huo mwanajiolojia D. R. Grantham alikata kipande cha sentimita 10 hivi kwa msumeno wa kawaida wa chuma, kazi iliyochukua saa kumi. Makovu mengine kwenye ncha ni ya watu waliotaka kumbukumbu, na inauma kuyaona. Miiko ya wazee ilikilinda vizuri zaidi.

Wapo wanaookota jiwe zito shambani na kuambiwa ni kimondo. Sumaku peke yake isikudanganye. Mawe ya Liganga, Ludewa, yana magnetaiti na huvuta sumaku vizuri tu. Mavi ya chuma ya tanuru za kale za Ufipa nayo huwa mazito na meusi, ila yana vitundu vya mapovu, na vimondo vya chuma havina vitundu hivyo. Sugua jiwe nyuma ya kigae, upande usiong'arishwa: likiacha mstari mwekundu au mweusi, huenda ni mbale, yaani jiwe la kawaida lenye madini ya chuma. Kisha lipime uzito, ulizamishe kwenye chombo kilichojaa maji pomoni na kupima maji yaliyomwagika. Gawanya gramu kwa mililita. Granaiti hutoa 2.7 hivi, magnetaiti 5 hivi, kimondo cha chuma karibu 7.8. Chuma chakavu cha gari nacho hutoa 7.8, kwa hiyo neno la mwisho ni nikeli, na hiyo hupimwa maabara, kama ile ya Taasisi ya Jiolojia na Utafiti wa Madini Tanzania, Dodoma.