Fikra ya ishara ni nini? Kutoka kanga hadi kaburi la Panga ya Saidi

Mwanamke anayechagua kanga dukani huishika kwanza ajue kama pamba yake ni nzito, kisha huikunjua asome jina. Akishalisoma anaweza kuirudisha hata kama rangi zimemvutia, maana jina lile akilivaa mbele ya wifi yake litazua ugomvi. Pamba ni ileile, upana ni uleule. Kilichomfanya aiache hakimo ndani ya kitambaa. Kimo vichwani mwa watu wanaojua kulisoma.

Uwezo huo wa kukipa kitu maana ambayo hakikuzaliwa nayo, na wenzako wakaielewa bila kuelezwa, ndio unaoitwa fikra ya ishara. Wachunguzi wa chimbuko la binadamu wameupa uzito mkubwa kwa sababu karibu kila tunachokiona kuwa cha kibinadamu kinasimama juu yake.

Kwanza tutenganishe ishara na dalili. Moshi ni dalili ya moto, na nyayo za chui ni dalili kwamba chui kapita. Hata swala analijua hilo, wala hahitaji kukubaliana na swala mwenzake. Ishara haina uhusiano huo wa asili na kile inachokitaja. Neno "maji" halilowi. Mwarabu huyaita "maa", na kiu yake inakatika vilevile. Noti ya shilingi elfu kumi haiwezi kuliwa, ila muuza mchele anaipokea kwa sababu anajua muuza nyama naye ataipokea. Makubaliano yakiondoka, inabaki karatasi.

Swali gumu ni lini uwezo huu ulianza, kwa kuwa mwili wetu na tabia zetu havikufika siku moja. Mifupa ya binadamu wa kale ya Jebel Irhoud, Moroko, ina miaka kama 300,000, na ile ya Omo Kibish, Ethiopia, takriban 230,000. Uso wa mtu wa Jebel Irhoud unafanana na wetu sana, na ubongo wake ulishakuwa mkubwa kama wetu, ila fuvu lake lilikuwa refu kuelekea nyuma. Utafiti wa mafuvu uliochapishwa mwaka 2018 na wanasayansi wa Taasisi ya Max Planck ya Leipzig ulionyesha kwamba umbo la mviringo tulilonalo leo lilijengeka polepole, likakamilika kati ya miaka 100,000 na 35,000 iliyopita. Kwa hiyo ukubwa wa ubongo ulitangulia, umbo likafuata.

Lakini fuvu ni chombo tu. Wazo halina mfupa, halibaki ardhini. Kinachobaki ni vitu ambavyo wazo lilivigusa, na hapo ndipo mwanaakiolojia anapoanzia.

Kwa miaka mingi vitabu vilifundisha kwamba akili ya aina hii ililipuka ghafla huko Ulaya, kiasi cha miaka 40,000 iliyopita, kwa michoro ya mapangoni na vinyago. Mimi naona kosa hilo lilitokana zaidi na mahali watu walipochimba kuliko na watu wa kale wenyewe. Ulaya ilishachimbwa zaidi ya karne moja huku sehemu kubwa ya Afrika haijaguswa. Mwaka 2000 wanaakiolojia Sally McBrearty na Alison Brooks walipinga hadithi hiyo kwa hoja ndefu: vipande vya tabia tunazoziita za kisasa vilijitokeza Afrika kimoja kimoja, mahali mbalimbali, kwa maelfu mengi ya miaka.

Ushahidi umeongezeka tangu hapo. Olorgesailie, katika kaunti ya Kajiado kusini magharibi mwa Nairobi, kumepatikana zana zenye miaka kama 300,000 zilizochongwa kwa jiwe jeusi la volkano linalong'aa kama kioo. Jiwe hilo halipatikani pale. Lilitoka umbali wa kilomita 25 hadi 50, na mengine mbali zaidi. Pamoja nalo kulikuwa na madini ya rangi nyekundu na nyeusi, mengine yakiwa na alama za kusagwa. Nyekundu hiyo ni jamaa wa ngeu, ile ambayo seremala wa zamani aliipaka kwenye uzi ili apige mstari juu ya mbao. Hapa lazima tuwe waangalifu: ngeu ina kazi nyingine pia, kama kutia nguvu gundi ya kushikiza jiwe kwenye mpini. Kuiona tu hakuthibitishi ishara. Ila katika pango la Blombos, pwani ya Afrika Kusini, kuna kipande cha ngeu chenye miaka 75,000 hivi kilichochanjwa mistari inayopishana kwa mpangilio, na gundi haihitaji mistari.

Shanga zinanishawishi kuliko vyote. Kutengeneza ushanga wa ganda la yai la mbuni, unavunja ganda, unachagua kipande kisichozidi kucha ya kidole gumba, unakitoboa kwa ncha ya jiwe, kisha unasugua kingo hadi ziwe duara. Kipande kikipasuka unaanza upya. Kazi yote hiyo haikupi chakula wala haikukingi na baridi. Tena fikiria nani anauhitaji ushanga wako. Mama yako anakujua bila shanga, na adui wa mbali hajui maana yake. Anayeusoma ni yule wa katikati: mtu wa kambi ya pili, asiyekujua sura lakini anayejua desturi. Mtu akivaa ushanga, basi jamii yake imeshavuka mzunguko wa wanaojuana kwa sura.

Ushahidi unaogusa moyo zaidi uko Kilifi. Panga ya Saidi ni pango la mawe ya chokaa katika vilima vya nyuma ya pwani ya Kenya, kiasi cha kilomita 15 kutoka baharini. Makumbusho ya Taifa ya Kenya na wenzao kutoka ng'ambo walianza kuchimba hapo mwaka 2010. Mwaka 2013 vilionekana vipande vya mifupa, na mwaka 2017, kama mita tatu chini ya sakafu ya pango, likafunuka shimo dogo la mviringo. Mifupa ilikuwa laini mno kiasi kwamba isingewezekana kuitoa mmoja mmoja, wakalipaka plasta bonge zima la udongo na kulipeleka Nairobi, halafu Burgos, Hispania, likafunguliwe kwa subira maabarani.

Alikuwa mtoto wa miaka miwili na nusu hadi mitatu, umri ambao ndiyo kwanza anaunganisha maneno. Watafiti walimwita Mtoto. Wakipima ni lini chembe za mchanga ziliona mwanga wa jua mara ya mwisho, walipata miaka kama 78,000, na matokeo yakachapishwa mwaka 2021. Ndilo kaburi la kale zaidi linalojulikana la binadamu wa aina yetu barani Afrika. Yako ya kale kuliko hilo katika mapango ya Qafzeh na Skhul huko Israeli, na hata Waneandertali, binadamu wa aina nyingine waliokwisha kutoweka, walizika wafu wao.

Alilazwa kwa ubavu wa kulia, magoti yamekunjwa kuelekea kifuani. Msomaji wa pwani atashtuka kidogo hapo, kwani hata sisi hulaza maiti kwa ubavu huo. Hakuna uzi unaotuunganisha na desturi ya miaka yote hiyo, na hatuwezi kusema waliamini nini juu ya kifo. Tunaloweza kusema ni kwamba shimo lilichimbwa kwa makusudi na kufukiwa mara moja. Mfupa wa bega na mbavu za juu vilikuwa vimebanwa kama inavyokuwa mwili unapoviringishwa kwa nguvu ndani ya sanda, labda ya majani au ngozi.

Kichwa nacho kilikuwa kimeinama kwa namna isiyo ya kawaida, pingili za shingo zikiwa zimekifuata. Hutokea hivyo pale kitu laini kilichokuwa chini ya kichwa kinapooza na kuacha nafasi tupu. Mtu mmoja alikuwa amemwekea mto.