Bodi ya saccos haiwezi kukufukuza tu hivi hivi

Huku Tabora, Urambo mpaka Sikonge, utaskia watu wanasema mfanyakazi wa saccos, yaani chama cha ushirika cha akiba na mikopo, au benki ya ushirika hana haki yoyote, chama ni mali ya wanachama kwa hiyo bodi ikikaa jioni ikakukataa basi kesho unabeba vitu vyako. Sio kweli jamani, na maneno hayo yameumiza wengi.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inabana chama kama inavyobana kampuni, lazima iwepo sababu halali na utaratibu ufuatwe, uambiwe kosa, upewe nafasi ya kujitetea, na mwajiri ndo anathibitisha sio wewe. Hata kama hukupewa mkataba wa maandishi, kwenye kesi mzigo wa kuthibitisha masharti unamwangukia yeye maana kuandika ilikuwa kazi yake. Ila kama hujafikisha miezi 6 kazini, hapo ulinzi huo bado haujakufikia.

Kinachowaangusha watu hasa ni siku. Una siku 30 tu toka uachishwe kupeleka mgogoro Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile CMA, na wengi wanazimaliza wakimbembeleza mwenyekiti wa bodi.